Usaili wa dizaina: yasemwayo Mpanda, kweli au uongo?

Nafasi ya dizaina wa grafiki ikitangazwa, vijana wa Mpanda huanza kupeana maneno kwenye stesheneri na kwenye maduka ya kuchapisha flana: beba hiki, usiseme kile. Machache yanasaidia. Mengi humpeleka mtu kwenye usaili akiwa amejiandaa kwa mtihani ambao haupo. Kujua programu kutaonekana kwenye jaribio la vitendo. Wanapokuita ukae mbele yao, jopo linatafuta sababu zako: kwa nini rangi hii, kwa nini neno hili ni kubwa kuliko lile, na nani atakayeisoma kazi hiyo.

“Kadi za harusi na mabango ya mtaani si kazi za kuonyesha.”

Uongo, na ndio unaowaumiza wengi zaidi. Mtu ametengeneza kadi za michango mwaka baada ya mwaka, halafu siku ya usaili anazificha na kuleta nembo ya kampuni ya kubuni ambayo haijawahi kuwa na mteja. Hebu itazame kadi ya mchango. Ina majina ya bwana na bibi harusi, wazazi wa pande zote mbili, tarehe, ukumbi, namba ya kutumia pesa, jina litakalotokea kwenye simu, siku ya mwisho ya kuwasilisha, na kamati nzima ambayo kila mjumbe anataka jina lake lionekane. Yote hayo yaenee kwenye kadi inayotosha kiganjani, na mzee asiyeona vizuri aweze kuisoma namba. Aliyeamua jicho lianzie wapi na limalizie wapi amefanya usanifu wa kweli. Aieleze hivyo hivyo.

Au gunia la mchele wa Mpimbwe. Ukiulizwa kwa nini umetumia rangi mbili tu, jibu liko kwenye uchapaji wenyewe: kila rangi inahitaji fremu yake na inaongeza gharama, na herufi nyembamba zikipigwa juu ya kitambaa cha gunia wino huzijaza, zisisomeke. Msailiwa anayejibu hivyo ameshamwambia mwajiri kwamba hatamtia hasara.

“Kazi zikiwa nyingi ndivyo utakavyoonekana mzoefu.”

Uongo. Jopo likionyeshwa kazi arobaini litaikumbuka iliyo dhaifu. Leta nane au kumi, na kwa kila moja uweze kusema mteja alitaka nini, ulijaribu nini kikakataa, na mwisho ukaamua nini. Kazi mliyofanya wawili, taja sehemu yako. Ya mwenzio usiiguse kabisa, maana kuna swali moja linalotosha kukuumbua: “Tufungulie faili lenyewe.”

“Anayetumia Canva si dizaina.”

Hapa watu wanachanganya mambo. Canva, iliyoanza kutumika mwaka 2013 kutoka Australia, inatosha kabisa kwa tangazo la WhatsApp linalotakiwa kabla ya saa sita, na ofisi nyingi ndogo zinamtaka mtu wa namna hiyo. Kosa ni kuijua Canva peke yake. Nembo itakayowekwa kwenye kalamu na pia ubavuni mwa basi ichorwe kwa mistari inayokuzwa bila kuvunjika, kwa Illustrator au CorelDRAW. Kama huna uwezo wa kuzilipia, Inkscape ni ya bure na inaifanya kazi hiyo, na Scribus inapanga kurasa. Maswali ya uchapaji ndiyo huwaangusha wengi: rangi za kioo ni RGB na za mashine ya uchapaji ni CMYK; picha ya kipeperushi iwe na nukta 300 kwa inchi; na rangi inayofika ukingoni ipewe kama milimita 3 za ziada kila upande ili kisu kisiache mstari mweupe.

“Bila cheti usijisumbue.”

Inategemea unabisha mlango upi. Serikalini ni kweli. Kazi zinazopita Sekretarieti ya Ajira huombwa kwenye Ajira Portal, na siku ya usaili unatakiwa na vyeti halisi, cheti cha kuzaliwa na kitambulisho. Hati ya matokeo ya muda haikubaliki. Majina yako yakitofautiana kati ya cheti kimoja na kingine, lishughulikie hilo kisheria mapema, kwa sababu mlangoni halina dawa. Nauli, chakula na malazi ni juu yako, na kwa anayetoka Katavi kwenda Dodoma hizo ni fedha za kupangiwa.

Kwa kampuni binafsi, mashirika na redio, kazi zako ndizo zinazotangulia. Dizaina David Carson wa Marekani, aliyebadili sura ya magazeti ya muziki miaka ya 1990, alisomea sosholojia.

“Jaribio la vitendo ni janja ya kupata kazi ya bure.”

Mara nyingi si hivyo, ingawa hutokea. Jaribio la saa moja au mbili ni haki yao. Ukitakiwa kuandaa kampeni nzima na kukabidhi mafaili, uliza kwa heshima yatatumikaje na kama yatalipiwa.

Na jaribio lenyewe lisikukimbize kwenye kompyuta. Tuseme umepewa kipeperushi cha Hifadhi ya Katavi. Wasailiwa wengi wataweka kiboko na jua linalozama. Wewe uliza kwanza: kinasomwa na nani? Kama ni wanafunzi na familia za Mpanda, wanataka kujua namna ya kufika lango la Sitalike, kiingilio, na msimu mzuri. Viboko hurundikana kwenye madimbwi ya Mto Katuma wakati wa kiangazi, kwa hiyo miezi ya kiangazi ionekane mapema kuliko kilomita za mraba 4,471 za hifadhi.

“Ukigusia mshahara umejiharibia.”

Uongo. Subiri waugusie wao, au uulize mwishoni. Uwe na kiwango chako kichwani.

“Kazi zangu ziko Instagram, watazitazama huko.”

Usiutegemee mtandao wa chumba cha watu. Umeme unaweza kukatika na bando likagoma. Kazi ziwe kwenye PDF, ndani ya simu na kwenye flashi, na tatu au nne zilizo bora uzichape kwenye A4. Wape wazishike. Zichape siku mbili kabla, ili nyekundu ikitoka kahawia upate muda wa kuirekebisha na kuchapa tena.