Shawa Likiziba: Kulizibua bila Kuhatarisha Afya

Maji yanapoanza kutuama miguuni wakati wa kuoga, familia nyingi hukimbilia kununua dawa kali ya kuzibulia mabomba. Mara nyingi haihitajiki. Kinachoziba kwa kawaida ni nywele zilizonasa chini ya kifuniko cha tundu, zikashikamana na mabaki ya sabuni na mafuta ya nywele. Na hizo huondolewa kwa mkono.

Anayesafisha avae glavu za mpira, afungue kifuniko, kisha azivute nywele kwa waya uliopindwa ncha. Zitupwe katika pipa la taka, si chooni. Kifuniko kisuguliwe kwa mswaki wa zamani na sabuni ya vyombo, halafu yamiminwe maji ya moto ya bombani. Maji yanayochemka huweza kulegeza mabomba ya plastiki. Siki na magadi soda hutoa povu la kupendeza macho, lakini haviyeyushi nywele. Siki hufaa zaidi kwa ule ukoko mweupe wa chokaa unaojulikana sana na wakaazi wa London.

Blichi, ambayo wengi waliizoea Afrika Mashariki kwa jina la Jik, isichanganywe kamwe na siki, dawa ya kuzibulia wala dawa nyingine ya kusafishia. Ikikutana na asidi hutoa gesi ya klorini. Ikikutana na amonia hutoa gesi nyingine inayodhuru mapafu. Hata dawa ya jana iliyosalia bombani yaweza kukutana na ya leo, na katika bafu lisilo na dirisha gesi haina pa kutokea. Harufu ya kukaba ikizuka, wote watoke na kufunga mlango wa bafu nyuma yao. Anayepumua kwa shida aitiwe gari la wagonjwa kwa namba 999. Dawa ikiruka jichoni, jicho lioshwe papo hapo kwa maji safi yanayotiririka, kwa muda wa dakika 20, kisha mgonjwa apelekwe hospitali, idara ya dharura.

Dawa yoyote ibaki katika chupa yake ya asili. Katika nyumba ambazo chupa ya maji ya kutawazia huwekwa kando ya choo, mtoto au mgeni hawezi kuitofautisha na chupa kama hiyo iliyotiwa dawa.

Familia inaporejea kutoka safari ndefu na kukuta bafu linanuka, huenda hakuna kilichoziba. Chini ya tundu bomba limepinda ili libakize maji yanayozuia hewa chafu ya mtaro. Maji hayo yakikauka, harufu hupanda. Ndoo moja ya maji hutosha.

Kuondoa nywele ni kazi ya mpangaji. Lakini shawa na choo vikifurika kwa pamoja, kizuizi kiko mbali zaidi, na mwenye nyumba aarifiwe kwa maandishi, pamoja na picha. Nchini Uingereza, sheria ya mwaka 1985 ya wenye nyumba na wapangaji kwa kawaida humwajibisha yeye kutengeneza mabomba yaliyoharibika.