Ardhi Yenye Mkono wa Mtu: Tunaposema "Mandhari ya Kitamaduni" Tunasema Nini?

Katika kozi yetu ya tafsiri, wanafunzi wa mwaka wa pili walipewa ukurasa mmoja wa jiografia waufasiri kwa Kiswahili. Istilahi iliyotukwaza haikuwa ngumu kwa umbo. Karibu wote waliandika "mandhari ya kitamaduni" wakaendelea na safari yao. Tulipowauliza wameielewaje, mmoja alisema ni picha ya kijiji chenye watu waliovaa mavazi ya kienyeji. Mwingine alisema ni mahali ambapo watalii huchezewa ngoma. Hakuna aliyetaja shamba la migomba la nyumbani kwao, wala mlima uliokatwa matuta ambao wengine wao huuona kila likizo wanapokwenda kwa wazazi.

Tulipokaa kulijadili jambo hili katika Idara, tulikiri kwamba kosa halikuwa la wanafunzi. Sisi walimu tumezoea kuikabidhi darasani istilahi iliyokwisha kutafsiriwa, kama kwamba kutafsiri ni kueleza. Makala haya yanajaribu kulipa deni hilo.

Tuanze na neno lenyewe. "Mandhari" limetoka katika mzizi wa Kiarabu wenye maana ya kutazama, mzizi uleule uliotupa "nadhari" na "nadharia". Kwa hiyo neno hili lina jicho ndani yake. Anayesema mandhari amesimama pembeni, anatazama. Mtu anayepalilia hasemi kwamba yumo katika mandhari. Husema yuko shambani, kondeni, bondeni, mtoni. Tunadhani hapa ndipo wanafunzi walipopotea, maana neno liliwaweka mahali pa mtalii.

Dhana yenyewe inataka kinyume chake. Mwanajiografia Carl Sauer, aliyefundisha Chuo Kikuu cha California huko Berkeley, aliieleza mwaka 1925 kwa namna ambayo bado inafundishwa: ardhi ya asili ni mali ghafi, utamaduni wa watu ndio mfanyakazi, na mandhari ya kitamaduni ndiyo kazi iliyotoka mikononi mwake. Baadaye wengi walimkosoa, wakasema amewafanya watu waonekane kama kitu kimoja kisicho na ugomvi ndani yake, wakati ardhi hubeba pia alama za nani alimshinda nani. Ukosoaji huo ni wa haki. Hata hivyo mfano wake wa fundi na mali ghafi unafaa kuanzia somo, kwa sababu mwanafunzi akishaukubali huanza kuuliza: hapa fundi alikuwa nani?

Chukua kilima cha Kasubi, hapa Kampala. Wengi wetu tunakijua kwa jengo kubwa la nyasi, Muzibu Azaala Mpanga, walimozikwa makabaka wanne. Ikulu hiyo ilijengwa mwaka 1882, ikageuzwa kuwa mahali pa maziko mwaka 1884, na mwaka 2001 UNESCO ikaiingiza katika Orodha ya Urithi wa Dunia. Tarehe 16 Machi 2010 moto uliiteketeza, na miaka kumi na mitatu ilipita kabla ya kuondolewa katika orodha ya urithi ulio hatarini, mwaka 2023. Lakini eneo lililoorodheshwa ni karibu hekta 30, na sehemu yake kubwa si jengo bali mashamba yanayolimwa kwa njia za jadi. Mgeni hupiga picha ya paa akaondoka, migomba haimshughulishi. Nayo ni sehemu ya urithi kama paa lilivyo. Kadhalika paa lina watu wake: kazi ya kuliezeka ni ya ukoo wa Ngeye. Magome yanayotoa kitambaa cha lubugo hutoka kwenye mti wa mutuba, ambao hubanduliwa gome, ukafungwa majani ya mgomba ili upone na kuota gome jingine. Mti unaovunwa namna hiyo hauwezi kuitwa mti wa porini, hata kama hakuna aliyeuwekea ua.

Mfano wa pili unatufaa zaidi sisi watu wa lugha. Huko Ukambani nchini Kenya, katika miaka ya 1930, maofisa wa kikoloni waliandika kwamba Machakos ni nchi iliyokwisha, udongo umechukuliwa na maji, na wenyeji ni wengi kupita uwezo wa ardhi. Mnamo mwaka 1932 wilaya hiyo ilikuwa na watu wapatao 240,000. Kufikia mwisho wa miaka ya 1980 walikuwa karibu 1,400,000. Kwa hesabu ya wale maofisa pangekuwa jangwa tupu. Badala yake vilima vilijaa matuta na miti. Njia mojawapo iliyotumika ni ya kuchimba mtaro kuufuata mlalo wa kilima, na udongo kutupwa upande wa juu. Mvua husukuma udongo hadi kwenye tuta, na baada ya miaka mteremko hujigeuza ngazi. Kazi kubwa ilifanywa na vikundi vya mwethya, ambamo wanawake walikuwa wengi. Njia hiyo inaitwa "fanya juu". Wataalamu wa udongo duniani wanaiita hivyohivyo katika vitabu vya Kiingereza, bila kuitafsiri! Tumezoea kulalamika kwamba Kiswahili hukopa istilahi za sayansi tu. Hapa kimekopesha, na aliyebuni istilahi hiyo hakuketi katika kamati.

Wanafunzi wetu kutoka Kabale hawana haja ya kwenda Machakos. Vilima vya kwao vimekatwa vivyo hivyo. Kampeni ya serikali ya kikoloni ya miaka ya 1940 mara nyingi hupewa sifa zote, ingawa ilifaulu kwa kiasi kikubwa kwa kuwa wakulima walikuwa tayari na desturi zao za kukinga mteremko.

Sasa turudi UNESCO kidogo, kwa kuwa wanafunzi hukutana na istilahi hii zaidi huko. Mkataba wa Urithi wa Dunia wa mwaka 1972 uligawa mambo mafungu mawili: urithi wa asili na urithi wa utamaduni. Mwezi Desemba 1992, katika kikao cha Santa Fe nchini Marekani, ndipo mandhari za kitamaduni zilipokubaliwa kama aina inayosimama peke yake. Ya kwanza kuorodheshwa kwa vigezo hivyo vipya ilikuwa Tongariro, nchini New Zealand. Mlima huo uliingizwa mwaka 1990 kwa ajili ya volkano zake. Mwaka 1993 ukaingizwa tena kwa ajili ya Wamaori, ambao kwao ni mlima wa wahenga. Hakuna jiwe lililosogezwa kati ya miaka hiyo.

Aina zenyewe ni tatu. Kuna mandhari iliyobuniwa kwa makusudi, kama bustani ya mfalme. Kuna iliyokua polepole kutokana na maisha ya watu. Na kuna ile ambayo thamani yake iko katika imani na kumbukumbu, hata kama jicho halioni kilichojengwa. Aina ya pili hugawanywa mara mbili: inayoendelea kuishi na iliyoachwa. Kwa hii iliyoachwa tumekutana na tafsiri ndefu za kuchosha, ilhali Kiswahili kina "mahame", mahali palipohamwa. Tunapendekeza litumike.

Mahali panapozichanganya aina hizi vizuri kuliko pote tunapopajua ni kaya za Wamijikenda katika pwani ya Kenya. Hapa mwalimu wa Kiswahili inambidi awe mwangalifu. Katika Kiswahili Sanifu kaya ni watu wa nyumba moja, neno la fomu za sensa. Kwa Wamijikenda ni makao, kijiji kilichozungukwa na boma ndani ya msitu. Kaya hizo zilianza kujengwa tangu karne ya 16. Katikati palikuwa na uwanda wa makazi na mahali pa wazee kukutania. Kuuzunguka kulikuwa na msitu mnene, na njia nyembamba zilizopita kwenye malango. Msitu ulikuwa ngome. Kukata mti wake kulikuwa sawa na kubomoa ukuta wa mji.

Polepole watu walitoka wakaenda kulima na kukaa mbali zaidi, na kufikia miaka ya 1940 kaya zilikuwa mahame. Lakini wazee hawakuziacha. Makaburi yalibaki, fingo iliyozikwa kuulinda mji ilibaki, na miiko ikabaki: usikate, usilishe mifugo, usiingie bila idhini. Matokeo yake ni kwamba misitu hiyo imehifadhi mimea ambayo imetoweka kwingineko pwani. Mtaalamu wa mimea akifika huona msitu wa asili uliosalia. Mzee wa kaya huona mji wa babu zake. Nasi tunadhani mzee ndiye aliye karibu zaidi na ukweli, kwa sababu msitu ule usingekuwapo bila mji. Watu huifinyanga ardhi kwa jembe, na pia kwa kuuzuia mkono usikate, jambo ambalo wanafunzi wetu huliona gumu kukubali kwamba nalo ni kazi.

Kuanzia mwaka 1992 serikali ya Kenya ilianza kuzitangaza kaya kuwa kumbukumbu za taifa, na mwaka 2008 kaya 10, zilizotawanyika kwa umbali wa kilomita 200 hivi, zikaingizwa katika Urithi wa Dunia. Mwaka uliofuata mila zinazohusiana nazo ziliwekwa katika orodha ya urithi usioshikika unaohitaji kulindwa kwa haraka. Tunadhani sababu ya haraka hiyo inaeleweka. Msitu unaweza kuwekewa mlinzi. Mwiko hauwekewi mlinzi. Mzee anayeujua akifa bila kuurithisha, miti inabaki na mlinzi peke yake.

Msomaji anaweza kuuliza kama haya yote si mchezo wa maneno. Tumpeleke Bwindi. Mwaka 1991 msitu wa Bwindi na ule wa Mgahinga ilifanywa hifadhi za taifa, na Watwa waliokuwa wakiishi humo kwa kuwinda, kurina asali na kuchuma dawa wakaondolewa. Mwaka 1994 Bwindi iliingia katika Urithi wa Dunia kwa vigezo vya asili peke yake. Watwa hawakuwa na matuta ya kuonyesha, wala mashamba, wala hati. Walikuwa na njia zao, mapango yao, na majina ya mahali. Kwa aliyeandika kwamba ule ni msitu wa asili, hivyo havikuwa ushahidi wa kitu. Miaka 30 ilipita kabla ya Mahakama ya Katiba ya Uganda kusema, mwaka 2021, kwamba walistahili fidia. Hatusemi kwamba neno moja lingewaokoa, maana sokwe wa milimani walikuwa na watetezi wenye nguvu. Lakini ardhi ikishaitwa pori, anayeishi humo anaonekana mvamizi, na neno hilo hutoka kalamuni mwa mtu aliyesoma, pengine darasani kwetu.

Je, tubadilishe istilahi? Baadhi yetu katika Idara wanapenda "sura ya nchi", wakisema sura huchongwa na maisha. Wengine wanaona hiyo ni ya ramani na milima tu. Kuna aliyependekeza "ardhi iliyofinyangwa", ila inamtaja mfinyanzi na kumsahau anayejizuia, yule wa kaya. Kwa sasa tunabaki na "mandhari ya kitamaduni", kwa sharti kwamba mwalimu asiiandike ubaoni kabla ya kutaja neno moja la mahali penyewe. Wachaga, kwa mfano, hutenganisha kihamba na shamba: kihamba ni ardhi ya ukoo kule juu mlimani, yenye migomba, kahawa na miti kwa pamoja, iliyorithiwa na yenye makaburi ya wazee, shamba ni kipande cha kulima mahindi kule chini tambarare. Mwanafunzi akizielewa tofauti hizo mbili, nusu ya somo imekwisha.

Muhula huu tumelijaribu zoezi dogo. Kila mwanafunzi hupewa mteremko mmoja anaoujua, ataje kila kilichofanywa na mtu juu yake, kwanza kwa lugha ya nyumbani, kisha kwa Kiswahili. Daftari zilizorudi zina mapengo mengi upande wa Kiswahili. Mwanafunzi mmoja alileta majina sita ya namna za kuacha shamba lipumzike, na hatukuweza kumpa Kiswahili cha zaidi ya mawili. Wasomaji wa pwani na bara walio na maneno ya aina hiyo wanaombwa wayalete Idarani, pamoja na jina la mahali yanakotumika.