Utangulizi: Hulk na Somo la Upokezi

Taaluma ya upokezi ni tawi la uhakiki linalomchunguza mtazamaji kwa umakini uleule tunaoipa kazi ya sanaa. Hapa kazi iliyokataliwa hufundisha kuliko iliyoshangiliwa tangu mwanzo, ndiyo maana tunaanza na Hulk, filamu ya Ang Lee iliyotoka Marekani tarehe 20 Juni 2003.

Wikendi ya kwanza iliingiza dola milioni 62 nchini humo; ya pili mapato yakaporomoka kwa takriban asilimia 70. Watu walilalamika kwamba jitu la kijani linachelewa kutokea, maneno ni mengi, na pambano la mwisho limemezwa na giza.

Malalamiko hayo yana msingi, ila hayamalizi habari. Mwaka 1967, katika Chuo Kikuu cha Konstanz, Ujerumani, Hans Robert Jauss alieleza kwamba kila kazi hupokelewa ndani ya upeo wa matarajio: yale ambayo hadhira imekwisha kuyazoea na inayatazamia tena. Mwaka 2003 watazamaji walikuwa bado na ladha ya Spider-Man ya mwaka uliotangulia, filamu changamfu ya kijana anayeonja nguvu zake. Matangazo ya Hulk nayo yaliwaahidi vishindo. Waliokata tiketi wakakuta msiba wa kifamilia, wa mwana aliyerithishwa madhara na baba yake mzazi. Tena Lee aliigawa skrini vipande vipande kama ukurasa wa katuni, na wengi wakaona ni vurugu.

Miaka ikapita, upeo ukasogea. Baada ya Iron Man ya 2008, filamu za mashujaa zilifuatana hadi zikaanza kufanana, na ugeni ulioiponza Hulk ukawa ndio mvuto wake. Waliokwisha kuiona Brokeback Mountain, ya Lee huyohuyo, wakarudi kwa Bruce Banner, mtu anayegeuka kuwa jitu hilo la kijani, wakijua jinsi mwongozaji huyu anavyowaelewa watu waliofungia maumivu moyoni. Tazama jitu linavyoruka masafa jangwani: upepo unalipiga usoni, na uso uliokunjamana kwa ghadhabu unalegea. Aliyekwenda kutafuta vita aliona mapambano yamekatizwa. Mashabiki wa leo wanaona dakika ambayo Banner yuko huru.

Kwa hiyo usikimbilie kuamua nani alikosea, wa wakati ule au wa sasa. Uliza kila kundi lilikuja na nini mkononi. Swali hilo lina kazi tele kwetu Afrika Mashariki pia, ambako DJ Afro nchini Kenya na Lufufu nchini Tanzania walizisimulia filamu za kigeni kwa Kiswahili, wakaziongezea maana ambazo watunzi wake hawakuziwaza. Masimulizi yao yanastahili kukusanywa na kusomwa kwa uzito uleule tunaowapa wahakiki wa magazeti ya New York, na anayeingia katika taaluma hii leo anaweza kuanzia hapo.