Kuficha Ndege: Chini ya Mlima na Nyikani Kwale

Kiwanda cha ndege hakifichiki kirahisi. Mapaa yake ni marefu, na reli inayokihudumia humwelekeza rubani wa adui hadi mlangoni. Ndiyo maana Ujerumani, baada ya mabomu ya Marekani kupiga viwanda vya Messerschmitt huko Regensburg Agosti 1943, ilizidi kuhamishia kazi chini ya ardhi. Huko Kahla, kilima kilichokuwa kikichimbwa mchanga wa vyombo vya kauri kilitobolewa mahandaki ili kuundiwa ndege ya jeti, Me 262. Iliyokamilika ilivutwa kwa lifti ya mteremko hadi kileleni, ikaruka kutoka huko. Hadi vita vinakwisha Ulaya, Mei 1945, zilikuwa zimetoka ndege chache mno kwa gharama ile: maelfu ya watu waliletwa kwa nguvu kutoka nchi zilizotekwa, na wengi walikufa kwa njaa, maradhi na kazi.

Uingereza nayo ilijichimbia. Jijini London, kampuni ya Plessey iliunda vipuri vya ndege ndani ya kilomita 4 hivi za handaki la treni ambalo lilikuwa halijafunguliwa. Wafanyakazi wengi walikuwa wanawake.

Pwani ya kusini ya Kenya ina mapango yake, ya Shimoni yakiwa mashuhuri zaidi, lakini hayakufaa kuwekwa karakana. Unyevu na chumvi ya bahari vingekula mashine. Isitoshe, huku kificho kilikuwa umbali. Wajapani walipoishambulia Colombo Aprili 1942, meli za kivita za Uingereza zilihamia Kilindini. Ndege za manowari hizo zilitua Mackinnon Road, kwenye nyika ambayo leo ni Kaunti ya Kwale, kando ya reli ya Mombasa na Nairobi. Matengenezo makubwa yalifanyika Nairobi, katika karakana ya jeshi la majini iliyopewa jina la Korongo. Ndege zenyewe ziliundwa ng'ambo. Huku zilitengenezwa tu, tena juu ya ardhi, mchana kweupe. Umbali huo nao haukuwa kinga kamili, kwani Mei 1942 ndege ndogo iliyobebwa na nyambizi ya Japani iliruka kuchunguza Zanzibar na Dar es Salaam.

Mwaka 1947 Waingereza walianza kujenga ghala kubwa la kijeshi Mackinnon Road, kisha wakaliacha. Wakati wa Hali ya Hatari, mahali hapo pakageuzwa kambi ya mahabusu wa Mau Mau.