Undugu wa Damu, Undugu wa Ndege (Sehemu ya Nne)

Mhariri ameniomba wiki hii niache kidogo mambo ya wazee, niandike habari za Marekani, maana ndizo zinazozungumzwa kwenye kila kibanda cha chai hapa Kakoba, mjini Mbarara, na kule kambi ya wakimbizi ya Nakivale. Nimekubali kwa shingo upande. Msomaji aliyekuwa nami tangu sehemu ya kwanza anaujua udhaifu wangu: nikianza na gazeti la leo, namalizia kwa Mugabe Ntare, mfalme wa Ankole. Basi nianze na ya leo nikiwa bado na adabu.

Tarehe 20 Januari 2025 Rais Donald Trump alitia saini amri ya kusimamisha upokeaji wa wakimbizi, ianze kazi tarehe 27. Siku hiyohiyo ya tarehe 27 waasi wa M23 waliingia Goma, kule kwetu Kongo. Nyumba iliwaka moto na mlango ukafungwa siku moja. Katika mwaka wao wa fedha wa 2024 Wamarekani walipokea wakimbizi zaidi ya 100,000, na Wakongo ndio walioongoza. Kwa mwaka wa fedha wa 2026 waliweka kikomo cha 7,500, nafasi nyingi zikiwa za Makaburu wa Afrika Kusini. Hapo katikati, Mei 2025, Mpango wa Chakula Duniani ukawaondoa karibu watu milioni moja kwenye mgao wa Uganda kwa kukosa fedha.

Machi ya mwaka huohuo wa 2025 nilikwenda Nakivale kumwona mkimbizi mmoja, mzee wa Fizi, Kongo, rafiki yangu wa siku nyingi. Familia yake ilikuwa imemaliza yote: interviu, vipimo vya afya, hata lile somo la jinsi ya kuishi kule. Tarehe ikatajwa. Mzee akauza mbuzi wanne, akamwachia jirani mahindi shambani, na mke wake akagawa vyombo kwa furaha ya mtu asiyetarajia kupika tena juu ya mafiga. Sufuria kubwa, ile ya misiba na arusi, ikaenda kwa mama wa nyumba ya pili ambaye walikuwa wakisukana nywele miaka tisa. Kisha ndege ikafutwa.

Siku tatu walilala kwenye mikeka ya kuazima, wakila vya kuletewa. Siku ya nne mke akavuka uchochoro kwenda kuiomba sufuria. Akakuta imebandikwa maharage. "Dada, acha kwanza yaive," jirani akamwambia. Akavuta kigoda, akangoja. Kwa muda wa saa mbili wanawake wawili waliitazama sufuria moja, mmoja akichochea kuni, mwingine akiwa na mikono mapajani, wala hakuna aliyesema neno. "Mwalimu," aliniambia, "siku ile ndipo nilipojua kwamba hata maharage yana roho mbaya."

Jirani simlaumu. Alipewa sufuria, hakuazimwa. Ubaya ni kwamba hakuna siku hao wawili walipokaa wakasema: ukiondoka iwe hivi, ukirudi iwe vile.

Ninaloliona baya zaidi lilitokea kabla ya sufuria. Tangu habari ya safari ilipoenea, nyumba ile haikukauka wageni. Waliokuwa hawajui hata mlango wake unatazama wapi walifika na mkungu wa ndizi, wakamwita mzee baba, wakaomba namba ya simu atakayotumia kule. Ndege ilipofutwa, wageni wakafutika nayo, na watoto wa mtaa wakambandika jina la Bwana Ndege. Alinisimulia huku akicheka. Nami nilicheka, halafu njia nzima ya kurudi Mbarara sikuongea na mtu.

Nimefundisha Kiswahili miaka 26, na kila mwaka niliwaandikia wanafunzi ubaoni kwamba akufaaye kwa dhiki ndiye rafiki, bila kuiuliza methali swali. Sasa naiuliza. Inampima mmoja tu, aliye juu, kama atainama. Aliye chini haimsemi kabisa: je, ataweza kumtazama mwenzake akipaa bila kumwombea aanguke? Na yule aliyekaribia kupaa akashushwa, atapokewa vipi na wale aliokwisha kuwaaga? Methali nyingine tuliyo nayo ni ile ya maskini akipata, matako hulia mbwata, ambayo kwangu mimi ni wivu uliovalishwa kanzu ya hekima.

Wazee wa nchi hii hawakuliachia methali jambo zito namna hiyo. Waliliwekea kisu.

Mhariri anisamehe. Habari za omukago, undugu wa damu wa hapa Ankole, nimekuwa nikizikusanya tangu nilipofika huku mwaka 1996, na daftari langu la tatu linakaribia kujaa. Nilivyosimuliwa, wawili wanaotaka kuwa ndugu hukaa kwenye mkeka, wamekaribiana hata miguu imepishana. Mkono wa kulia kila mmoja ameshika unyasi uitwao ejubwe na chipukizi la omurinzi. Hapo kwenye omurinzi huwa nasimama. Ni ule mti wa miiba wenye maua mekundu kama makaa, uliopandwa mbele ya maboma ya zamani. Kwa Kinyankore okurinda ni kulinda; omurinzi, basi, ni mlinzi. Undugu unafungwa mbele ya mti ambao kazi yake imo ndani ya jina lake. Kila mmoja huchanjwa chale ndogo kando ya kitovu, majani yakachovywa kwenye damu, damu ikatiwa kiganjani pamoja na maziwa kama ni Wahima wafugaji, au unga wa ulezi kama ni Wairu wakulima. Kisha kila mmoja humeza ya mwenzake.

Waganda walitumia kahawa. Tunda moja la kahawa lina buni mbili zilizolaliana. Kila mtu alichukua moja, ikapakwa damu, akaimeza ile ya mwenzake. Sijaona mahali pengine ambapo mmea umefikiriwa kwa undani hivyo. Wanyarwanda wao huita jambo hili kunywana, na hapo Mswahili hahitaji mkalimani. Sisi wenyewe tulisema kuchanjiana, na ndugu wa kuchanjiana hakuwa mtu wa kuchezewa. Neno hilo leo limebaki zahanati: chanjo ya surua, chanjo ya pepopunda. Mtoto wa Nakivale anakingwa na magonjwa mengi kabla hajaota meno yote, lakini hakuna anayemkinga na rafiki.

Baada ya kumeza yalifuata masharti, na haya ndiyo ninayotaka msomaji ayashike hata akisahau majina ya majani. Akija uchi, utamvika. Akija na njaa, hatatoka hivyo. Akiugua, hutamfukuza mlangoni. Watoto wake ni wako. Yalitamkwa mbele ya mashahidi siku ambayo wote wawili walikuwa sawa, kabla mmoja hajapata ng'ombe mia na mwingine hajafiwa na ng'ombe wake wote kwa sotoka. Aliyevunja, Wanyarwanda waliamini kile kiapo, igihango, kingemvimbisha tumbo mpaka afe. Tangu 2015 Rwanda inawatunukia watu jina la Abarinzi b'Igihango, walinzi wa kiapo, wakiwemo waliowaficha wenzao mwaka 1994. Umeona? Ni mlinzi yuleyule wa maua mekundu.

Wazungu nao walichanjwa, na hapa sikubaliani na vitabu vya shule vinavyolitaja jambo hili kama kichekesho. Stanley alichanjiana na Mirambo, mtemi wa Wanyamwezi, mwaka 1876. Mwaka 1889, akipita Ankole pamoja na Emin Pasha, akachanjiana na mwana wa ukoo wa kifalme aitwaye Buchunku. Mwaka 1891 akaja Lugard, afisa wa Kiingereza, akafanya undugu wa damu na mjumbe wa Ntare. Ntare alidhani amepata ndugu mwenye bunduki. Lugard alikuwa akitafuta njia ya kupita. Miaka kumi baadaye, 1901, ukasainiwa na Waingereza Mkataba wa Ankole kwa wino, na ya damu hakuna aliyeyauliza tena. Hukumu yangu ni kwamba mtu aliyekubali kuchanjwa ili apate njia hakuwa ndugu. Alikuwa msafiri mwenye kidonda.

Lakini nisiwadanganye wasomaji kwamba damu ilitosha. Oktoba 1982, zama za utawala wa pili wa Obote, vijana wa chama chake cha UPC pamoja na wakubwa wa serikali waliwavamia Wanyarwanda wa huku Mbarara. Nyumba zikachomwa, ng'ombe wakachukuliwa. Makumi ya maelfu ya watu wakakimbia, wengine kuelekea Rwanda, wengine wakarudi Nakivale na Oruchinga, kambi ambako wazazi wao walikuwa wametoka zamani wakaenda kujitegemea. Novemba Rwanda ikafunga mpaka, na maelfu wakabaki wamebanwa Merama Hill mpakani, mbele hakuna njia, nyuma hakuna nyumba.

Mzee mmoja Mnyankole wa hapa mtaani aliniambia kwamba baba yake, aliyekuwa na omukago na Mnyarwanda wa upande wa Isingiro, aliwachanganya ng'ombe kumi na mmoja wa ndugu yake ndani ya zizi lake, na waliokuja kutafuta akawaambia wote ni wake. Mwenyewe aliporudi miaka minne baadaye alirudishiwa kumi na wanane, kwa sababu walikuwa wamezaa. Nikamuuliza mzee kama kila mwenye omukago alifanya hivyo. Alichukua muda kabla ya kujibu. "Mwalimu, na waliowaonyesha wale vijana zizi liko wapi, wengine walikuwa na chale pia."

Hiyo miaka minne inatufikisha 1986, mwaka gurudumu lilipogeuka. Fred Rwigyema, mkimbizi Mnyarwanda aliyekulia kambi ya Nshungerezi alikofahamiana na Paul Kagame wakiwa watoto, aliingia Kampala Januari ile akiwa miongoni mwa wakubwa wa jeshi la Museveni, kisha akawa naibu waziri wa ulinzi. Waliowafukuza Wanyarwanda wenzake jana wakaanza kutafuta nani amewahi kusoma naye. Novemba 1989 akaondolewa kwenye wadhifa, Oktoba 1990 akauawa siku ya pili ya vita ya kurudi Rwanda. Mwaka 2000 majeshi ya Museveni na ya Kagame, watu waliokuwa pamoja msituni Luwero, yalipigana kwa mizinga katikati ya Kisangani, mji wa watu wengine. Kwetu Kongo tunayo methali ya tembo na nyasi, sina haja ya kuimalizia.

Nafasi yangu imekwisha na ya Marekani sijayasema. Niyaseme mawili, haraka.

La kwanza ni la atestasheni, ile karatasi ya Ofisi ya Waziri Mkuu yenye picha na majina ya nyumba nzima. Zamani mpwa uliyemlea alikuwa mwanao. Leo asipokuwa kwenye karatasi yako si mwanao, na kesi yako ya safari ikiiva ataachwa kituo cha basi. Nimeona pia kinyume chake: mtu aliyeandikisha mtoto wa jirani kwa malipo, akaitwa baba mbele ya afisa, na nyumbani mtoto akala jikoni peke yake. Wenye kufanya hivyo wanajijua, na mimi nawajua, maana wengine nimewafundisha.

La pili ni la mdogo wangu. Aliondoka 2015, yuko Ohio. Kuna kipindi alikaa miezi sita hapokei simu, nami, mwalimu wa methali, nikamrekodia maneno ambayo nisingependa mama yetu ayasikie. Nilimwita Mzungu. Alijibu baada ya wiki mbili, saa tisa usiku wa huku, sauti imechoka: anakata kuku kiwandani usiku, analala mchana, na kila mwezi alikuwa akilipa deni la tiketi. Wengi wetu tuliobaki hatukulijua hilo, kwamba tiketi ile ilikuwa mkopo, aliutia saini kabla hajapanda. Kumbe hata ndege ina masharti yake, yameandikwa, yana tarehe na kiasi. Mimi na yeye, tuliozaliwa tumbo moja, hatukuwa tumeandikiana hata mstari.

Ndiyo maana naendelea na kelele zangu hizi. Simwambii mtu arudie kunywa damu. Daktari yeyote wa Mbarara atanipinga na atakuwa na haki. Nasema marafiki wakae kwenye mkeka wakiwa bado sawa, waite shahidi mmoja, waseme kwa sauti sufuria itakuwa ya nani, shamba litakuwa la nani, na simu ya saa tisa usiku itakuwaje.

Mzee wa Fizi amelima tena. Sufuria ilirudi jioni ileile, imesuguliwa kwa majivu inang'aa, na tangu hapo wanawake wale wanasukwa na watu wengine.

Sehemu ya tano itakuwa ya ng'ombe wa kupeana. Mwenye mzee, awe Mnyankole, Mnyarwanda, Mganda au Mkongo, aliye na chale kando ya kitovu na anayakumbuka masharti aliyoapishwa, amlete Kakoba kabla mvua za Machi hazijaharibu barabara ya Nakivale. Nauli ya boda nitalipa mimi. Daftari limebakiwa na kurasa arobaini.