Fahamu: Mti wa Krismasi wa Ufipa si ule wa Ulaya

Desemba ikikaribia, kuna wanaokata tawi la paina huku Sumbawanga hadi mpakani Kasesya wakidhani ndiyo ule mti wa Krismasi wa Ulaya. Sivyo. Ule mara nyingi ni wa jenasi ya Abies, mti wa nchi za baridi. Afrika una asili Morocco na Algeria tu, milimani.

Shika tawi uangalie. Paina iliyozoeleka nchini, Pinus patula kutoka Mexico, sindano zake ndefu mara nyingi hutoka tatu tatu, zikining'inia. Za Abies ni fupi, moja moja, na koni zake husimama wima, kisha husambaratika juu ya mti.

Mbao za miti yote miwili ni laini, hufaa kenchi na karatasi. Ila paina ina utomvu, huwaka upesi: usichome majani karibu nayo.