Jina Halimo Kwenye Orodha: Uende Wapi?

Tuseme halmashauri imetangaza kazi ya mtendaji wa kijiji. Binti yako ameomba. Kahawa ya misimu miwili imeishia kwenye ada ya chuo chake. Aliitwa kwenye usaili, akajibu vizuri. Orodha imetoka, jina lake halimo. Aliyechukuliwa hana hata cheti kilichotajwa kwenye tangazo. Utalalamika wapi?

Watu wengi hukimbilia Mahakama ya Mwanzo au baraza la kata. Huko watakurudisha. Vyombo hivyo havina uwezo wa kutengua uteuzi wa serikali.

Anza na barua. Kama waliofanya usaili ni halmashauri, mwandikie Mkurugenzi, Karagwe au Kyerwa. Kama ni Sekretarieti ya Ajira, waandikie wao. Uliza sababu za kutochaguliwa. Baki na nakala iliyogongwa muhuri wa kupokelewa na tarehe. Usidharau muhuri huo, maana maneno ya mdomo ni vigumu kuyathibitisha. Ukiombwa rushwa, hilo ni jambo la TAKUKURU.

Majibu yasiporidhisha, kuna njia mbili.

Njia ya kwanza ni Tume ya Usuluhishi na Uamuzi. Hii si mahakama. Ni chombo maalumu cha migogoro ya kazi, na kwa mkoa wetu ofisi iko Bukoba. Kwa kawaida husikiliza mfanyakazi na mwajiri wake. Sasa binti yako hajaajiriwa, ataingiaje? Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini ya mwaka 2004 imemwachia mlango mmoja. Katika jambo la ubaguzi, mwombaji kazi naye huhesabiwa kama mfanyakazi. Amekataliwa kwa sababu ya mimba? Ulemavu? Kabila, dini, siasa? Basi anaweza kwenda, ndani ya siku 60. Akionyesha dalili za kutosha za ubaguzi, mwajiri ndiye atakayetakiwa kujitetea. Lakini kama hakuna ubaguzi, ila utaratibu tu ulivunjwa, Tume haitamfaa.

Njia ya pili ni Mahakama Kuu, nayo ina kanda Bukoba. Zamani mtu hakuweza kuishtaki serikali bila serikali yenyewe kumruhusu! Mahakama ya Rufani ililitupa sharti hilo mwaka 1993, likionekana kuvunja Katiba. Siku hizi unaiomba Mahakama Kuu ipitie uamuzi. Kwanza unaomba kibali cha mahakama, nacho huombwa ndani ya miezi 6 tangu uamuzi utolewe. Miezi hiyo haisubiri mavuno.

Hapa watu wengi hukosea. Jaji hasahihishi mtihani upya. Hamwulizi binti yako maswali ya usaili. Anaangalia kama sheria ilifuatwa, kama waliochagua walikuwa na mamlaka, kama kulikuwa na upendeleo. Akiona kosa, anaweza kuubatilisha uteuzi au kuamuru kazi ifanywe upya kwa kufuata sheria. Hampi binti yako ile kazi. Anaweza kushinda kesi, usaili ukarudiwa, akashindwa tena kwa haki. Mimi naona afadhali familia ijue hilo kabla ya kuuza ng'ombe wa kumlipa wakili.

Aliyekwisha kuwa mtumishi, kwa mfano mwalimu aliyefukuzwa, ana njia yake. Tangu sheria iliporekebishwa mwaka 2016, lazima amalize kwanza ngazi za rufaa za utumishi wa umma, ndipo aende kwenye vyombo vya kazi.

Na asiye na fedha? Sheria ya Msaada wa Kisheria ya mwaka 2017 inawatambua wasaidizi wa kisheria. Ulizia kwao ofisi ya maendeleo ya jamii pale wilayani. Tangu mwaka 2021 Kiswahili ndiyo lugha ya mahakama. Kwa hiyo hati watakayokuandikia, isome mwenyewe yote kabla ya kutia sahihi.